Haki za Mwenye Fleti Benki Inapodai Rehani Yake



Nyumba kwa mfanyakazi si mali kama mali nyingine. Gari likiharibika mtu hutembea kwa miguu, na redio ikiungua nyumba hukaa kimya. Lakini mwenye nyumba akiitwa mlangoni na dalali, jamaa nzima huyumba. Watoto huhamishwa shule katikati ya muhula, wazazi waliokuja mjini kutibiwa hurudishwa kijijini, na heshima ya mtu aliyefanya kazi kwa miaka thelathini hupotea asubuhi moja mbele ya majirani zake. Kwa sababu hiyo mazungumzo haya yanahusu jambo moja tu: ni kinga gani ambayo sheria imempa mwenye fleti aliyeiweka rehani benki, na kinga hiyo hufaa wakati gani.

Yafaa jibu la swali la pili litangulie, maana ndilo linalosahauliwa na wengi. Sheria ya Tanzania humlinda mwenye nyumba kwa nguvu kabla ya mnada. Baada ya mnada ulinzi huo hupungua mno. Anayeamka nyundo ikiwa imekwisha kugonga, mara nyingi huambiwa kwamba fidia anaweza kuidai, lakini nyumba imekwenda. Kwa hiyo elimu hii ni ya siku ambazo bado zimebaki mkononi.

Tulikotoka

Kwa miaka mingi mfanyakazi wa mjini aliijua nyumba ya ghorofa kama mahali pa kupanga. Shirika la Nyumba la Taifa liliundwa mwaka 1962. Mwaka 1971 Serikali ilitwaa majengo makubwa ya kupangisha na kuyaweka chini ya Msajili wa Majumba, na mwaka 1990 kazi za Msajili huyo zikaunganishwa na zile za Shirika la Nyumba. Katika hali hiyo mpangaji alidaiwa kodi, lakini hakuwa na hati, na asiye na hati hana cha kuweka rehani.

Mambo yalibadilika hatua kwa hatua. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 iliweka utaratibu mpya wa rehani. Mwaka 2008 Bunge lilitunga sheria mbili zilizofungua mlango: ya kwanza iliruhusu jengo moja ligawanywe katika sehemu nyingi, kila sehemu na hati yake, ya pili ilirekebisha sheria kadhaa ili mabenki yapate moyo wa kukopesha fedha za nyumba kwa muda mrefu. Hapo ndipo mwalimu, mhasibu na muuguzi walipoweza kununua fleti kwa mkopo, au kuichukua fleti waliyokwisha kuinunua na kuiweka dhamana kwa mkopo mwingine. Sheria zinazozungumzwa hapa ni za Tanzania Bara. Zanzibar ina sheria zake za ardhi na za umiliki wa majengo ya pamoja.

Mwenye fleti anamiliki nini?

Mwenye shamba huweza kuonyesha mipaka yake kwa miti. Mwenye fleti hana mti. Anachomiliki ni sehemu iliyochorwa katika ramani ya jengo na kuandikwa katika hati, pamoja na fungu lake lisilogawanyika katika mali ya pamoja: kiwanja, ngazi, paa, ua, matangi ya maji na njia za umeme. Vitu hivyo viwili haviachani. Fleti ikiwekwa rehani, fungu la mali ya pamoja huifuata. Fleti ikiuzwa, fungu hilo huenda kwa mnunuzi. Benki haiwezi kuuza ngazi peke yake, wala mwenye fleti hawezi kuweka rehani paa ambalo ni la wote.

Wenye fleti katika jengo moja huwa chama chenye nafsi ya kisheria, na kila mmoja hutoa mchango wa kutunza jengo kulingana na fungu lake. Jambo hili lina maana siku ya rehani. Jengo lisilotunzwa hushuka thamani, na fleti iliyomo hushuka pamoja nalo, hata kama ndani imepakwa rangi mpya. Mwenye fleti anayekwepa mchango wa jengo anakata tawi alilokalia.

Iko hatari moja inayowahusu hasa wanunuzi wa fleti mpya. Mjenzi huweza kuwa ameweka rehani kiwanja kizima ili apate fedha za kujengea, na huku anauza fleti moja moja kwa mikataba. Mnunuzi hulipa, hupewa funguo, huhamia, lakini hati ya fleti haijatolewa. Mjenzi akishindwa kulipa, benki humdai kwa rehani iliyoandikishwa kabla ya mikataba ile. Dawa yake iko mwanzoni. Kabla ya kulipa, mnunuzi na afanye upekuzi katika Ofisi ya Msajili wa Hati ili ajue kama kiwanja kina rehani. Kama inayo, na adai barua ya benki inayokubali kuiachia fleti hiyo pindi bei itakapolipwa. Aliyekwisha kulipa na bado hana hati anaweza kuandikisha zuio kwa Msajili wa Hati, ili mtu yeyote atakayefungua daftari akute kwamba kuna mwenye madai.

Benki nayo ina haki yake

Haifai kumdanganya mwananchi kwamba benki ni adui. Fedha inayokopeshwa ni akiba ya watu wengine, wakiwamo walimu na wakulima walioweka shilingi zao wakitumaini kuzikuta. Deni ni deni, na dawa ya deni ni kulipa. Sheria ya Ardhi humpa mpokea rehani njia kadhaa pindi mkopaji anaposhindwa kutimiza masharti: anaweza kumfungulia shauri la kudai fedha, kuweka mtu wa kupokea mapato ya nyumba, kuipangisha, kuimiliki kwa muda, au kuiuza.

Tena yafaa ieleweke kwamba kushindwa kutimiza masharti si kutolipa rejesho peke yake. Mweka rehani hubeba pia ahadi ya kulipa kodi na ada za ardhi, kutunza jengo, kulikatia bima, na kutolihamisha kwa mtu mwingine bila idhini ya benki. Kwa hiyo mtu anaweza kulipa rejesho lake kila mwezi na bado akajikuta amevunja mkataba. Kila mkopaji na asome ahadi zake zote, asiishie kwenye ukurasa wa kiasi cha mkopo.

Hata benki inapotumia haki ya kumiliki nyumba, sheria haikuiruhusu kuingia kwa mabavu. Inaweza kuingia kwa amani, au kuwaarifu wapangaji kwamba kodi sasa ilipwe kwake. Kuvunja mlango na kutupa vyombo uani bila amri ya mahakama si njia iliyowekwa na sheria, na aliyetendewa hivyo ana sababu ya kushtaki.

Ilani na siku sitini

Ngao ya kwanza ya mwenye fleti ni ilani. Sheria inaitaka benki imwandikie mweka rehani na kumweleza mambo manne: kosa lake ni nini na ni la kiasi gani, kwamba benki inaweza kutumia haki zake juu ya nyumba, afanye nini ili kosa lirekebishwe, na kwamba siku 60 zikipita tangu kuipokea ilani bila kurekebisha, deni lote litadaiwa na nyumba inaweza kuuzwa. Ilani isiyosema mambo hayo ni ilani yenye kasoro, na mauzo yaliyojengwa juu yake yamejengwa juu ya mchanga.

Kwa hiyo siku barua inapofika, tarehe ya kupokelewa na iandikwe, bahasha itunzwe, na nakala ipelekwe kwa wakili au kituo cha msaada wa sheria. Wako wanaodhani kwamba kukataa kuipokea barua ni ujanja. Huo si ujanja. Mtu huyo anajinyima siku 60 za kujitetea, na benki itakuwa na ushahidi kwamba ilimpelekea.

Jambo hili ni zito zaidi kwa aliyeweka fleti yake dhamana kwa mkopo wa mtu mwingine. Mtumishi hukubali kumsaidia ndugu yake mwenye duka, hutoa hati, kisha husahau. Ndugu hukwama, huona haya kusema, na habari humfikia mwenye fleti siku ya mnada. Huyu naye ni mweka rehani, na ilani ni haki yake mwenyewe. Benki iliyomwandikia mwenye duka peke yake, ikamwacha mwenye nyumba gizani, haikutimiza wajibu wake.

Mambo ya kufanya katika siku hizo

La kwanza ni kuomba taarifa kamili ya mkopo: kilichokopwa, kilicholipwa, riba iliyotozwa, faini zilizoongezwa. Mara nyingi mgogoro huwa juu ya kiasi cha deni wala si juu ya deni lenyewe. Mfanyakazi ambaye makato yake yalifanyika katika mshahara lakini hayakufika benki kwa wakati, atayagundua hapa. Hati zake za mshahara ndizo ushahidi wake.

La pili ni kuzungumza na benki kwa maandishi. Mkopo unaweza kupangwa upya, muda ukarefushwa na rejesho likapungua. Makubaliano ya mdomo na ofisa wa mikopo hayafai kitu ofisa huyo akihamishwa kituo. Malalamiko yasiyosikilizwa na benki yanaweza kupelekwa Benki Kuu ya Tanzania, ambayo kanuni zake za mwaka 2019 zinahusu ulinzi wa mtumiaji wa huduma za fedha. Hata hivyo malalamiko hayo hayasimamishi saa ya siku 60. Asiyetaka kukutwa na mnada huku akingoja majibu ya barua, na aende mahakamani pia.

La tatu, ambalo wengi huliogopa, ni mwenye fleti kuiuza mwenyewe kwa ridhaa ya benki. Fleti inayouzwa na mwenyewe kwa utaratibu hupata bei nzuri kuliko ile inayouzwa na dalali mbele ya watu wanaojua kwamba muuzaji amebanwa. Deni hulipwa, na kinachobaki hununua kiwanja au chumba kidogo. Ni kidonge kichungu, lakini ni afadhali ya jicho moja kuliko upofu.

La nne, mkopaji akiwa amefariki, jamaa na waulize habari za bima kabla ya jambo lolote. Mikopo mingi ya nyumba huambatana na bima ya maisha ya mkopaji, na jamaa wengi huendelea kulipa, au hunyang'anywa nyumba, bila kujua kwamba marehemu alikuwa akikatwa malipo ya bima. Msimamizi wa mirathi anayo haki ya kuuona mkataba na hati ya bima.

Zaidi ya hayo, mpaka dakika ambayo benki itafunga makubaliano na mnunuzi, mweka rehani anaweza kulipa deni lote na kuikomboa nyumba yake. Tangazo la mnada lililobandikwa ukutani si hukumu ya kifo.

Mke, mume na nyumba ya ndoa

Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 ilikataza mume au mke kuiuza, kuitoa zawadi, kuipangisha au kuiweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake. Sheria ya Ardhi ikaongeza kwamba rehani ya nyumba ya ndoa ni halali pale tu ambapo mwenzi anayeishi humo ametia sahihi au ameonyesha ridhaa yake katika hati. Benki ina wajibu wa kuchukua hatua za maana kujua kama mwombaji ana mwenzi, na kama mwenzi huyo amekubali.

Hata hivyo, wake na waume wengi hujidanganya hapa. Mwombaji akila kiapo kwamba hana mke, benki huweza kuhesabiwa kuwa imetimiza wajibu wake. Mwongo yule ametenda kosa la jinai, lakini kifungo chake hakimrudishii mke wake sebule. Njia iliyo salama ni kutangulia: mwenzi ambaye jina lake halimo katika hati ya fleti na aandikishe zuio lake kwa Msajili wa Hati wakati nyumba ina amani. Kuandikisha zuio si ugomvi wala dalili ya kutoaminiana. Ni kama kufunga mlango usiku, na hakuna anayesema kwamba afungaye mlango anawashuku watoto wake.

Kwenda mahakamani

Anayeona kwamba benki imekiuka utaratibu anaweza kuomba mahakama impe nafuu dhidi ya hatua za benki. Kufuatana na thamani ya mali, ombi hupelekwa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya au Mahakama Kuu. Kuomba nafuu hakuhesabiwi kuwa ni kukiri kosa. Mahakama inaweza kukataa, kukubali, au kukubali kwa masharti. Ikiwa rehani ilipatikana kwa ulaghai au kwa maelezo ya uongo ya mpokea rehani, au ina masharti yaliyo kinyume cha sheria, mahakama inaweza kuufungua upya mkataba wenyewe.

Pamoja na ombi hilo huombwa amri ya muda ya kuzuia mnada hadi shauri lisikilizwe. Tangu uamuzi wa Mahakama Kuu wa mwaka 1969 katika shauri la Attilio na Mbowe, mahakama za nchi hii hutazama mambo matatu. Je, kuna suala zito la kuamua, na mwombaji ana matumaini ya kushinda? Je, bila amri hiyo atapata hasara isiyoweza kurekebishwa? Na je, kati ya pande mbili, ni nani atakayeumia zaidi amri ikitolewa au ikinyimwa? Mambo yote matatu lazima yawepo. Kilio peke yake hakitoshi. Mwombaji anayesema tu kwamba ana watoto na hana pa kwenda, huonewa huruma, kisha hushindwa. Mwombaji anayeonyesha ilani isiyotaja kiasi cha deni, au stakabadhi za malipo ambayo benki haikuyahesabu, husikilizwa.

Benki nayo inaweza kutangulia kwa kufungua shauri la rehani kwa utaratibu wa mkato. Hapo mdaiwa hana haki ya kujitetea moja kwa moja. Hana budi aombe ruhusa kwanza. Marekebisho ya mwaka 2008 yaliubana sana mlango huo: mkopaji aonyeshe kwamba deni, au sehemu inayodaiwa, limekwisha kulipwa, au kwamba mkopo haukuchukuliwa kabisa. Mtu akipata hati ya namna hiyo asiiweke chini ya mto. Na aone wakili siku ile ile.

Bei ya mnada

Ikiwa haki zote za benki zimetimia na fleti inauzwa, kazi ya mwenye fleti haijaisha. Sheria ya minada inataka tangazo la siku zisizopungua 14 kabla ya kuuza ardhi, katika mji mkuu wa wilaya na mahali pa mauzo, tena kwa njia ambayo hata asiyejua kusoma ataielewa. Mnada uliofanywa kimya kimya, wanunuzi wakiwa watatu na wote wakijuana na dalali, ni mnada wa kutiliwa shaka.

Sheria ya Ardhi imeweka wajibu mkubwa zaidi: benki inayouza lazima itafute bei iliyo bora kadiri inavyowezekana wakati huo. Wajibu huo ni kwa mweka rehani na kwa mdhamini pia, na hauwezi kufutwa kwa kifungu chochote cha mkataba. Bei ikiwa imepungua kwa asilimia 25 au zaidi chini ya wastani wa bei ya soko ya mali za aina hiyo, mahakama huanza kwa kudhani kwamba benki imevunja wajibu, na ni kazi ya benki kuthibitisha vinginevyo. Mweka rehani anaweza kuomba mauzo yatangazwe kuwa batili.

Kwa mfano, tuseme fleti ya namna moja katika jengo huuzwa kwa wastani wa shilingi milioni 80. Asilimia 25 ya hizo ni milioni 20. Basi bei ya milioni 60 au chini yake huiweka benki katika kiti cha kujieleza. Hapa mwenye fleti ana bahati ambayo mwenye nyumba ya kijijini hana. Nyumba za vijijini hazifanani, lakini fleti za jengo moja hufanana kama mayai ya kuku mmoja, na bei iliyolipwa kwa fleti ya ghorofa ya chini ni ushahidi mzuri kwa fleti ya ghorofa ya juu. Mwenye fleti na apate ripoti ya mthamini aliyesajiliwa kabla ya mnada, asingoje baada yake. Jirani zetu wa Kenya, katika Sheria yao ya Ardhi ya mwaka 2012, wameweka kiwango hicho hicho cha asilimia 25, na zaidi ya hapo wamemlazimisha mwenye rehani kufanya uthamini kabla ya kuuza. Ni jambo la kuigwa.

Fedha ya mauzo nayo ina mpangilio wake: kodi na ada zinazodaiwa, rehani zilizotangulia, gharama za mauzo, deni lenyewe, kisha rehani zilizofuata, kinachobaki ni cha mwenye nyumba. Fleti ikiuzwa kwa milioni 76, gharama zikiwa milioni 4 na deni milioni 50, milioni 22 ni mali ya mkopaji, wala si za benki wala za dalali. Ziko jamaa zilizoondoka na magodoro kichwani bila kuuliza habari za baki hilo. Na wajibu huu una upande wa pili: bei isipotosha kulipa deni, benki inaweza kudai kilichopungua.

Mnunuzi na mipaka ya kinga

Hapa ndipo lile neno la mwanzo linapothibitika. Sheria humlinda mnunuzi aliyenunua kwa nia njema. Halazimiki kuchunguza kama kweli mkopaji alishindwa kulipa, wala kama ilani ilitolewa sawasawa. Ikiwa yeye hakujua, wala hakuwa na sababu ya kujua, juu ya ulaghai au udanganyifu wa muuzaji, mahakama husita kumnyang'anya. Aliyedhulumiwa huelekezwa kwa benki akadai fidia. Na shauri la fidia huchukua miaka, huku mnunuzi akibadilisha kufuli kesho yake.

Wengine wataona sheria hii ni kali. Lakini kama kila mnada ungeweza kutenguliwa baada ya miaka kumi, hakuna mtu mwaminifu ambaye angejitokeza kununua, na bei zingeshuka zaidi kwa hasara ya wakopaji wenyewe. Lililo haki ni kuukaza ulinzi wa kabla ya mauzo, na kuhakikisha kwamba ulinzi huo unajulikana na watu ambao umewekwa kwa ajili yao.

Kazi iliyobaki

Mwaka 2021 Bunge lilirekebisha sheria ili Kiswahili kiwe lugha ya sheria na ya utoaji haki. Hata hivyo mwalimu anayekwenda kukopa bado huwekewa mbele yake kurasa nyingi za Kiingereza cha wanasheria, huambiwa atie sahihi hapa na hapa, na hutoka akiwa na furaha ya fedha bila kujua alichoahidi. Mabenki yanayotangaza mikopo yao kwa Kiswahili kitamu redioni hayana sababu ya kuandika masharti ya mikopo hiyo kwa lugha nyingine. Ilani ya siku 60 nayo yafaa ifike kwa lugha ambayo mpokeaji huota nayo ndoto.

Watumishi na walimu wana wajibu wao pia. Wao ndio wanaosomewa barua na majirani, ndio wanaoitwa kuwa wadhamini, na ndio ambao hati zao za mshahara huheshimiwa na mabenki. Ofisini, shuleni na katika mikutano ya vyama vya wenye fleti, mambo haya na yazungumzwe wazi: upekuzi kabla ya kununua, zuio la mwenzi wa ndoa, tarehe ya ilani, taarifa ya mkopo, ripoti ya mthamini. Aibu ya deni imepoteza nyumba nyingi ambazo ingetosha mwenye deni kumwambia mwenzake mapema.

Usipoziba ufa utajenga ukuta. Ufa wa rehani hutokea siku ilani inapopokelewa, na sheria imetoa siku 60 za kuuziba. Kila mwenye fleti na azihesabu tangu ya kwanza.